Mama Alipoomba Aulizwe

Habari kwamba landrova yetu imekamatwa ilinikuta darasani Mbinga, mkononi nina chaki. Mtu wa Lundo ambaye sikumfahamu alinipigia simu akasema gari la mama limezuiwa kule chini ziwani, dereva wake yuko mahabusu, na chini ya magunia ya dagaa zimekutwa mbao za mninga zilizovunwa bila kibali.

"Na hizo mbao ni za nani?" nikamuuliza.

"Za mfanyabiashara mmoja. Naye yumo ndani. Lakini mwalimu, hapa hawashtakiwi watu peke yao. Gari nalo linahesabiwa limefanya kosa. Likikamatwa namna hii, mara nyingi halirudi."

Niliomba ruhusa kwa mwalimu mkuu, nikapanda bodaboda mpaka Mapera, kijijini kwetu. Mama nilimkuta kwenye vitanda vya kuanikia kahawa, akizigeuza punje kwa viganja viwili, taratibu, kama anayemwosha mtoto uso. Nilimwamkia, nikamweleza yote nikiwa nimesimama. Hakuacha kugeuza. Alipofika mwisho wa kitanda ndipo aliponyanyua kichwa.

"Dereva hajapigwa?"

"Sijui, mama. Hawakusema."

"Na mimi wameniuliza?"

"Kukuuliza nini?"

"Chochote. Gari ni langu. Kuna aliyekuja kuniuliza?"

Nilimwambia serikali haiulizi, serikali inakamata. Aliniangalia kidogo, akapangusa mikono, akaingia ndani kuoga. Alipotoka alikuwa amefunga kitenge chake cha safari.

Landrova ile baba na mama waliinunua ikiwa tayari imezeeka, baada ya misimu ya kahawa iliyokwenda vizuri. Milima yetu ya Umatengo ni mikali. Mashamba ya ngoro yamechimbwa ubavuni mwake kwa mashimo mashimo kama sega la nyuki, na njia za kuyafikia hazitaki magari madogo. Kwa hiyo landrova haikuwa ya nyumba yetu peke yake. Ilishusha kahawa za majirani, ilipandisha saruji ya kanisa, ilimpeleka bibi harusi na kuwarudisha wazee waliozidiwa na sherehe. Mwanangu wa kwanza nusura azaliwe kwenye kiti chake cha nyuma. Baba alipofariki, ilimbeba kutoka hospitali hadi nyumbani, na mama alikaa nyuma pembeni ya mwili, mkono juu ya shuka, mpaka mlangoni. Baada ya msiba, mahakama ya mwanzo ilimfanya mama msimamizi wa mirathi, na gari likawa lake.

Dereva alikuwa Mnyasa wa Lundo. Alipanda kwetu akiwa kijana anayeuza samaki wa kukausha, baba akamfundisha kuendesha kwenye mteremko wa nyuma ya parokia, na tangu hapo hakuwa mgeni tena. Alimwita mama "mama," na mama alimpakulia chakula kabla ya kunipakulia mimi. Kila wiki alishusha mahindi na maharage ziwani, akapandisha usipa, yaani wale dagaa wa Nyasa, na samaki wakubwa walipopatikana. Alikuwa na mke na watoto kule kwao, na mama aliwajua wote kwa majina na kwa magonjwa yao.

Tuliteremka asubuhi iliyofuata. Mama alizaliwa na kuzeekea karibu na ziwa lile, lakini alikuwa ameliona mara chache mno. Mtu wa ngoro hana shughuli na maji mengi kiasi hicho. Barabara siku hizi ni ya lami, inajikunja ubavuni mwa mlima, na kila kona hewa ilizidi kuwa nzito na ya moto. Mama alivua sweta. Halafu mlima uliisha ghafla kama uliokatwa kwa panga, na ziwa likawa pale. Mimi nilikwisha kuliona mara nyingi, ila siku ile nililiona kwa macho yake. Halikuonekana kuwa chini yetu. Lilionekana limesimama mbele yetu, la buluu, likipanda mpaka lilipokutana na mbingu, na katikati yake ilikuwa imeinuka nguzo nyeusi kama moshi wa moto mkubwa.

"Kunaungua nini kule?" mama akauliza.

Abiria aliyekaa mbele yetu akamwambia si moshi, ni wadudu wadogo wa ziwani wanaopanda kwa makundi yasiyohesabika.

Mama akafanya ishara ya msalaba. "Na kila mmoja ameumbwa," akasema, kwa sauti ya mtu anayefikiria kazi iliyofanyika.

Uwanja wa maofisa wa misitu, wanakoweka vyombo vilivyokamatwa, ulikuwa nyuma ya ukuta wa matofali. Sikuwahi kuona mahali kama pale. Pikipiki zilikuwa zimelaliana kama kuni. Kulikuwa na lori lililoota majani mpaka dirishani, na mpapai mchanga uliojitokeza pale palipokuwa na injini. Kila chombo kilikuwa na namba iliyoandikwa kwa chaki au rangi. Niliwaza kila kimoja kilivyokuwa na mtu wake mahali fulani, anayekiota au aliyekwisha kukisahau. Mtu mmoja ataanzia wapi kudai kitu ndani ya tumbo kubwa namna ile?

Yetu ilikuwa karibu na lango. Mama aliiendea moja kwa moja, akaweka kiganja juu ya boneti.

"Shikamoo mama," akasema ofisa aliyekuwa zamu, akisogea haraka. Alikuwa kijana mwenye adabu. "Samahani mama, hilo haligusiki. Ni kielelezo."

"Marahaba baba. Kielelezo cha nini?"

"Cha kosa, mama. Litatolewa mahakamani kama ushahidi. Halafu mwendesha mashtaka ataomba litaifishwe."

"Kutaifishwa ndiyo nini?"

"Liwe la serikali."

Mama aliondoa mkono taratibu. "Mwenye gari hamkumtafuta?"

Kijana alisita. Akanitazama mimi kana kwamba angependa nijibu badala yake. "Mama, dereva aliandikisha maelezo," akasema mwishowe. "Alisema mwenye gari anajua."

Nilihisi jua limenipiga kisogoni. Nilimgeukia mama nikitegemea atafoka, atalia, atakana. Hakufanya hata moja. Aliuliza mahabusu iko wapi, tukaenda, na lile hotpoti la ugali na maharage alilolibeba kutoka nyumbani kwa ajili ya dereva akalikabidhi kwa askari wa mlangoni vilevile alivyokusudia. Hakuomba kumwona. Tulipokuwa tukitoka niliona vidole vya mtu vimeshika nondo za dirisha dogo la juu, kisha vikaachia.

Tulilala kwa mjane mmoja anayefahamiana na mama kanisani. Jioni ile, tukiwa tunakula ugali wa muhogo, ndugu yetu wa Mbinga alipiga simu. Alisema kesi kama hizi zina njia zake, kwamba yuko mtu anayejua watu, na kwamba tukimpa nafasi aongee, huenda gari likatoka kimyakimya bila mama kusimama popote. Niliona mwanga. Nilimpa mama simu.

Alisikiliza mpaka mwisho. "Nashukuru mwanangu," akamwambia. "Lakini limekamatwa mchana watu wakiona. Nitaulizwa mchana watu wakiona."

Chumba cha mahakama tulichoingia kesho yake hakikuwa kikubwa. Kilikuwa na kiti kirefu cha hakimu kilichoinuliwa, nembo ya taifa ukutani, kizimba cha mbao, na mabenchi ambayo watu walikuwa wamekwisha kuyajaza. Dirisha la upande mmoja lilitazama ziwa, kwa hiyo nyuma ya kila aliyesimama kizimbani kulikuwa na maji yanayometa. Hakimu alikuwa mwanaume wa makamo mwenye sauti ndogo, kiasi kwamba watu walinyamaza wenyewe ili wamsikie. Mwendesha mashtaka alikuwa dada kijana, suti nyeusi, maneno yake yamenyooka kama yaliyopigwa pasi.

Dereva na mwenye mbao waliletwa. Wote wawili walisomewa mashtaka, wote wawili wakakiri. Ilikwenda upesi kuliko nilivyodhani. Hakimu aliwatia hatiani, akawahukumu kulipa faini au kwenda jela, na kwa kuwa hawakuwa nayo pale, wakarudishwa kukaa upande wa askari. Kisha yule dada akasimama tena.

"Mheshimiwa, tunaomba mbao zitaifishwe. Tunaomba pia gari lililotumika litaifishwe, liwe mali ya serikali."

Hakimu akainamisha kichwa kuandika. Ndipo benchi letu lilipotikisika, na nikaona mama amesimama.

Nilimvuta kitenge. Askari aliyekuwa mlangoni alinyoosha mkono kumwonyesha akae. Watu wakageuka. Mama alikuwa ameshika mikono yake mbele ya tumbo kama anavyosimama wakati wa Injili.

"Naomba niulizwe," akasema.

"Kaa chini, mama," askari akanong'ona.

"Mwache," hakimu akasema. Aliweka kalamu mezani. "Wewe ni nani, mama?"

"Mimi ndiye mwenye gari."

Nilisikia mawimbi.

"Unataka kusema nini?"

"Sijaja na la kusema, mheshimiwa. Nimekuja niulizwe. Kwetu mbuzi akiingia shamba la mtu, hata kama amekula mahindi yote, hachinjwi mpaka mwenye mbuzi aitwe. Mbuzi hana mdomo. Huyu naye," akaonyesha kwa kidevu upande ulikokuwa uwanja wa maofisa, "hana mdomo."

Watu wawili watatu walicheka, kisha wakaacha kwa sababu hakimu hakucheka. Alimgeukia mwendesha mashtaka akamuuliza kama mwenye gari alipewa taarifa yoyote ya ombi lile. Dada yule alifungua jalada lake, akapitisha macho, akalifunga. Alisema kwa uwazi kabisa kwamba hakupewa. Kwamba dereva alieleza mwenye gari anajua, na upelelezi ukaishia hapo.

Hakimu alichukua kalamu yake, na maneno aliyoyasema aliyasema huku akiyaandika, polepole, hivyo nakumbuka kila moja. "Mahakama haiwezi kuchukua mali ya mtu ambaye haijamsikia. Suala la gari linaahirishwa. Mwenye gari aitwe kwa wito wa maandishi, aje aeleze kwa nini gari lisitaifishwe." Halafu akamtazama mama. "Mama, nikuambie mapema. Kusikilizwa si kushinda. Ni wewe utakayetuonyesha kwamba hukujua na kwamba ulichukua tahadhari. Umenielewa?"

"Nimeelewa, baba. Ahsante."

Nilitoka nje. Miaka yote ya kufundisha uraia nilikuwa nimewaandikia watoto ubaoni, "Kila mtu ana haki ya kusikilizwa," nikawaambia wanakili kwa mwandiko mzuri. Sikuwahi kudhani sentensi ile ina nguvu ya kumfanya mtu mwenye mamlaka aweke kalamu mezani.

Wito ulifika Mapera kwa mkono wa mtendaji wa kijiji. Ulikuwa karatasi moja yenye muhuri, na juu yake jina la mama limeandikwa lote, mpaka jina la babu yake. Mama hasomi upesi. Alilifuata jina lake kwa kidole, akarudia, kisha akaniambia, "Wameniita kama wanavyoita mtu wa Komunyo ya kwanza." Akaiweka karatasi ile chini ya sanamu ya Bikira Maria mpaka siku ya kwenda.

Safari hiyo alibeba kadi ya gari na uamuzi wa mirathi. Alivaa viatu vilivyokuwa vya Jumapili tu. Aliapishwa akiwa ameshika Biblia, na alipoanza kujibu, Kiswahili chake kilikuwa kile chake cha sokoni na kanisani, kifupi, safi. Alieleza gari lilivyopatikana. Yule dada mwendesha mashtaka alimuuliza kuhusu jina la marehemu baba lililobaki kwenye kadi, naye akatoa karatasi ya mirathi. Dada akaisoma, akasema hana pingamizi. Kisha akaanza kumkaribia taratibu, kama mtu anayezunguka nyumba akitafuta mlango.

"Dereva huyu umekaa naye muda mrefu?"

"Muda mrefu. Nimemlea."

"Humkagui anaporudi safari?"

"Gari nalifagia mwenyewe. Samaki wananuka."

"Katika kufagia huko, hukuwahi kuona dalili yoyote kwamba gari linabeba mbao?"

Mama akanyamaza.

Dereva alikuwepo. Walikuwa wamemleta kutoka gerezani ili naye atoe ushahidi juu ya yale maelezo yake. Alikaa kwenye benchi la pembeni kati ya askari wawili, ameinamia miguu yake. Nilimtazama yeye, nikamtazama mama, na ndani yangu nilikuwa nikimsihi aseme hapana. Neno moja. Hakuna mtu duniani ambaye angeweza kumpinga.

Kimya kilikuwa kirefu. Mwendesha mashtaka alitaka kurudia swali, hakimu akainua kidole kumzuia. Hakuangalia saa, hakugonga meza, hakumhimiza. Alingoja. Nilikuwa nimeona watu wakubwa wakisubiriwa na wadogo maisha yangu yote. Sikuwa nimeona kinyume chake.

Mama alipofungua mdomo, kilichotoka kilikuwa Kimatengo.

"Ngoja, mama," hakimu akasema kwa upole. "Hayo siyaelewi, na sitaki yanipotee. Karani, kuna mkalimani wa Kimatengo?"

Hakuwapo. Karani wa mahakama alikuwa Mnyasa, askari walitoka mikoa mingine. Mimi nilisimama kujitolea, hakimu akaniambia nikae, binti hawezi kumtafsiria mama yake kwenye shauri la mali yao. Kesi ikasimama. Mtu akatumwa. Mwendesha mashtaka akakaa, hakimu akakaa, jalada likabaki wazi, na sote tulisubiri huku upepo wa ziwa ukipeperusha pazia, mpaka alipoingia muuguzi wa kituo cha afya, sare zake nyeupe bado mwilini, akihema kwa kukimbia. Alikuwa mzaliwa wa Mpepai, kule kwetu milimani. Aliapishwa kwamba atatafsiri kwa uaminifu bila kuongeza wala kupunguza.

Mama akasema tena alichokuwa amekisema. Mimi nilikielewa kabla ya wengine. Muuguzi alitafsiri kipande kwa kipande.

"Anasema: ndiyo, niliona. Siku moja nilikuta unga wa mbao kwenye bodi. Nikamuuliza huyu mwanangu. Akaniambia alibeba jeneza jipya, kuna msiba Mpepai. Nikampa pole." Muuguzi akamsikiliza tena. "Anasema: sikumuuliza aliyefariki ni nani, kwa sababu alionekana hataki kusema, nikadhani ana uchungu. Jumapili iliyofuata nikatoa nia ya misa kwa ajili ya marehemu huyo. Padre aliisoma altareni. Mpaka leo namwombea."

Hakuna aliyecheka safari hii. Mwendesha mashtaka alikuwa ameshika kalamu bila kuandika. Hakimu aliuliza, kwa ile sauti yake ndogo, "Mama, kwa nini umeyasema haya? Hukuona kwamba yanaweza kukuumiza?"

Muuguzi akatafsiri swali, mama akajibu kwa Kiswahili mwenyewe. "Niliomba niulizwe. Sasa nimeulizwa."

Dereva aliitwa. Alipita mbele ya mama bila kumtazama, akashika ukingo wa kizimba, akaapa. Mwendesha mashtaka alimsomea maelezo yake ya polisi, pale aliposema mwenye gari anajua, akamuuliza kama ndiyo ukweli.

Yule mwanaume, mtu mzima mwenye watoto, alianza kulia kama anayekohoa. "Mheshimiwa, niliogopa," akasema. "Nilidhani nikimtaja mama, watatuonea huruma. Mama hakujua. Mpepai hapakuwa na msiba. Hapakuwa na maiti yoyote. Sikujua kwamba alimwombea. Sikujua."

"Hapakuwa na maiti," hakimu akarudia huku akiandika.

Nilimwona mama akifumba macho. Baadaye aliniambia alikuwa akijaribu kuelewa zile sala zilikwenda kwa nani.

Uamuzi ulisomwa siku nyingine. Nje ya mahakama, wazee waliokuja kwa mashauri ya mashamba walikuwa wakisimulia kwamba zamani hukumu iliandikwa Kiingereza, mtu anatoka akimuuliza karani kama ameshinda au ameshindwa. Siku hizi inaandikwa Kiswahili. Nilisikia hayo kwa sikio moja, sikuyatilia maanani, mpaka tulipoingia na hakimu akaanza kusoma.

Alisoma kwa muda mrefu. Alianza na sheria, inavyoruhusu chombo kilichotumika kwenye kosa kitaifishwe, na kwa nini misitu inastahili ulinzi mkali namna hiyo. Alisema bila ukali huo vilima vya nyuma ya ziwa vingebaki vipara. Halafu akasema kwamba mkono mrefu wa sheria ndio hasa unaotakiwa kusimama na kuuliza kabla haujafumba kiganja. Kisha akafika kwa mama. Na maneno yake yalikuwamo yote. Mbuzi alikuwamo. Samaki wanaonuka walikuwamo. Unga wa mbao, jeneza, pole, nia ya misa, altare. Hakuna alichokipamba, hakuna alichokificha. Hata kile kimya alikitaja, akasema shahidi alinyamaza kwa muda kisha akasema jambo ambalo hakuna mtu aliyemlazimisha kulisema. Alisema mtu anayemwombea marehemu asiyekuwepo hawezi kuwa mshirika wa aliyemdanganya kwamba yupo. Alisema mama aliona dalili, akauliza, akapewa jibu ambalo mtu muungwana hulipokea.

Mbao zilitaifishwa. Gari lirudishwe kwa mwenyewe. Upande usioridhika una haki ya kukata rufaa.

Nilidhani mama atafurahi. Alikuwa amekaa vilevile, mikono mapajani, akimtazama hakimu jinsi alivyolitazama ziwa siku tuliyoshuka.

"Ameyaweka yote," akaninong'oneza. "Umesikia? Mpaka lile la samaki."

Mwendesha mashtaka alipita karibu nasi akitoka, akasimama. "Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Uliniuliza vizuri."

Yule dada akainama kidogo, akaenda.

Kulitoa gari uwanjani ilikuwa kazi nyingine. Kuku alikuwa ametaga chini ya usukani. Tairi moja ilikuwa imelala, betri imekufa kabisa, na fundi tuliyeshuka naye kutoka Mbinga alisema litawaka kwa kusukumwa tu. Yule ofisa kijana akaita wenzake. Wakaja na kofia zao, wakaegemeza mabega. Mimi nilikuwa upande wa kulia. Upande wa kushoto nilimwona mtu mmoja ameongezeka, mwembamba kuliko nilivyomjua, akisukuma kichwa kikiwa chini. Ndugu zake walikuwa wamelipa faini yake. Sijui alijuaje siku ile.

Landrova ilikohoa, ikakataa, ikakohoa tena, kisha ikashika. Moshi mweusi ulitufunika sote. Ulipopungua, dereva alikuwa amesimama mbele ya dirisha la mama, mikono imening'inia.

"Shikamoo mama."

Mama alimtazama. Sijawahi kuona salamu ikichukua muda mrefu namna ile kuvuka nafasi ndogo namna ile.

"Marahaba," akasema. "Watoto hawajambo?"

"Hawajambo, mama."

"Mdogo kifua chake?"

"Kimepona."

"Haya. Wasalimie."

Fundi akaondoa gari. Tulipoanza kupanda mlima nilishindwa kuvumilia, nikamuuliza kama ameweza kumsamehe kweli au ni salamu tu.

"Nilimsamehe siku ile ile alipolia," akasema, akijifunga sweta mabegani kwa kuwa baridi ilikuwa imeanza. "Ila gari nitampa mtu mwingine aendeshe, mpaka nitakapoacha kumsikitikia yule marehemu."